Kutunga au kufa: kisa cha Norbert Schultze

Tarehe 30 Januari 1945 Ujerumani ilizindua filamu mpya. Sehemu kubwa ya Berlin ilikuwa imeshageuka vifusi na jeshi la Kisovieti lilikuwa linaukaribia mto Oder, lakini Wizara ya Propaganda ilikuwa na kazi ya rangi ya kuonyesha. Filamu iliitwa Kolberg, ya muongozaji Veit Harlan, na ilisimulia mji mdogo wa pwani ya Baltiki uliokataa kusalimu amri mbele ya majeshi ya Napoleon mwaka 1807. Ilionyeshwa siku hiyo hiyo Berlin na La Rochelle, bandari ya Ufaransa ambamo askari wa Kijerumani walikuwa wamezingirwa. Kopi yao ilipelekwa kwa ndege. Mwezi mmoja na nusu baadaye, tarehe 18 Machi, Kolberg yenyewe ilitekwa na majeshi ya Kisovieti na ya Poland.

Muziki wa filamu hiyo ulitungwa na Norbert Schultze, aliyekuwa ametimiza miaka 34 siku 4 kabla ya uzinduzi. Na ndiye yule yule aliyetunga melodi ya Lili Marleen, wimbo ulioimbwa usiku kwenye mahandaki ya pande zote mbili za vita.

Wengi wanaomwandika Schultze huishia kwenye hilo. Wanaweka wimbo mtamu mkono wa kulia na nyimbo za mabomu mkono wa kushoto, wanatikisa kichwa, basi. Mimi naona kisa chake kina zaidi. Ukiifuata kazi yake filamu kwa filamu, unamwona fundi hodari akipokea agizo moja, kisha la pili, kisha la kumi, na unaona jinsi ule ufundi wenyewe, ambao ndio tunaousifu kwa mtunzi yeyote, unavyokuwa sehemu ya kosa.

Viti vilivyobaki wazi

Schultze alizaliwa Braunschweig tarehe 26 Januari 1911, mtoto wa daktari. Alisoma piano, utunzi na uongozaji wa okestra mjini Köln, kisha akaenda München kusomea mambo ya tamthilia. Huko alijiunga na kikundi cha wanafunzi cha kejeli na nyimbo za jukwaani, Die vier Nachrichter, akitumia jina la bandia Frank Norbert. Mmoja wa wenzake hapo alikuwa Helmut Käutner, ambaye tutakutana naye tena. Wanazi walikipiga marufuku kikundi hicho mwaka 1935. Wakati huo Schultze alikuwa ameshaondoka, amepita kwenye okestra za majumba ya tamthilia ya Heidelberg na Darmstadt, na kuanzia 1936 akawa anaishi kwa kutunga tu. Mwaka huo opera yake Schwarzer Peter, hadithi inayofaa watoto na wakubwa, ilipandishwa jukwaani Hamburg na ikapendwa.

Lakini huwezi kueleza jinsi kijana huyu alivyopanda bila kuangalia nani hakuwepo. Werner Richard Heymann, aliyekuwa mtunzi mkubwa kuliko wote katika kampuni ya filamu ya UFA, alilazimika kuondoka mwaka 1933 kwa sababu alikuwa Myahudi. Friedrich Hollaender, aliyetunga nyimbo za filamu Der blaue Engel, aliondoka mwaka huo huo. Franz Waxman, kijana mwenzao aliyezipangia okestra nyimbo hizo, alipigwa barabarani Berlin mwaka 1934, akafungasha, akaenda Paris na kisha Hollywood, ambako alikuja kupata Oscar mara 2 mfululizo kwa filamu za 1950 na 1951. Serikali ya Hitler ilikuwa imeunda chombo cha kusajili wanamuziki wote, Reichsmusikkammer, na bila uanachama wake hukupata kazi. Wayahudi walifungiwa nje.

Schultze hakumfukuza mtu. Alikuwa na miaka 22 Hitler alipoingia madarakani. Lakini tasnia ya filamu iliyopoteza watunzi wake bora kwa mpigo mmoja ilikuwa na njaa ya vipaji, na yeye alikuwa nacho, tena cha aina inayotakiwa: mwepesi, anajua jukwaa, anaandika haraka, melodi zake zinashika kichwani ukizisikia mara moja. Mlango ulikuwa wazi kwa sababu wengine walikuwa wamesukumwa nje, na jambo hilo halipaswi kupita kimya kimya katika wasifu wa mtunzi yeyote wa Kijerumani wa kipindi hicho.

Wimbo ambao wizara haikuuagiza

Shairi la Lili Marleen liliandikwa na Hans Leip mwaka 1915, alipokuwa askari wa zamu Berlin akisubiri kupelekwa vitani mashariki. Lilichapishwa 1937. Schultze alilitia melodi mwaka 1938, na Lale Andersen akalirekodi mwaka 1939. Santuri haikuuzika, hesabu inayotajwa kwa kawaida ni nakala kama 700.

Mwaka 1941, baada ya Ujerumani kuiteka Yugoslavia, jeshi lilifungua redio Belgrade. Kituo kilikuwa na santuri chache na hiyo ilikuwa mojawapo. Waliipiga, barua za askari zikamiminika, wakaipiga tena, mpaka ikawa desturi kila usiku kabla ya saa 4. Mawimbi ya Belgrade yalifika mbali, hadi jangwa la Afrika ya Kaskazini, na huko askari wa Jeshi la 8 la Uingereza walikuwa na redio pia. Rommel, jenerali wa Kijerumani wa huko, aliupenda wimbo. Waingereza wakawa wanaimba kwa Kijerumani kibovu, ikabidi viongozi wao wautafutie maneno ya Kiingereza. Mwaka 1943 BBC iliurusha kwa maneno ya kumpinga Hitler, ukiimbwa na Lucie Mannheim, mwigizaji Myahudi aliyekuwa amekimbia Ujerumani. Marlene Dietrich akauchukua na kuwaimbia wanajeshi wa Marekani.

Goebbels, waziri wa propaganda, hakuupenda, na ukiusikiliza kwa makini utajua kwa nini. Rekodi ya 1939 inaanza na baragumu la kambini, ile ishara ya kuwarudisha askari kulala. Chini yake kuna mwendo wa gwaride, ila umepunguzwa kasi mpaka umekuwa mwendo wa mtu anayeburuta miguu. Melodi haipandi mahali ambapo askari aliyechoka hawezi kufika. Kila ubeti unaishia kwenye jina la yule msichana, na mstari huo wa mwisho unaimbwa mara 2, kama mtu anayesita kuondoka. Beti ni 5. Katika zile za mwanzo kuna lango la kambi, taa ya barabarani, wapenzi wawili, na mlinzi anayeita kwamba muda umekwisha. Katika ubeti wa mwisho anayeimba anazungumza kutoka ardhini. Amekufa. Ndipo anaahidi kwamba ukungu wa usiku ukitanda atakuwa pale pale chini ya taa.

Wimbo huo hauna adui wala ushindi. Kwa wizara iliyotaka askari aende vitani kifua mbele, huo ulikuwa wimbo wa mtu anayetaka kwenda nyumbani. Andersen alipoingia matatani mwaka 1942 kwa mawasiliano yake na marafiki Wayahudi waliokuwa Uswisi, alizuiwa kupanda jukwaani, na aliporuhusiwa tena alikatazwa kuuimba.

Hapa ndipo mchambuzi anapopata kipimo chake. Schultze akiachiwa shairi peke yake, hakuna mtu aliyemwambia msikilizaji afanye nini baada ya kusikia, alitoa kitu ambacho serikali yake ilishindwa kukifuga. Hebu tuangalie alichotoa alipoambiwa.

Maagizo

Alijiunga na chama cha Nazi mwaka 1940. Mwaka huo ilitoka Feuertaufe ya Hans Bertram, filamu ya kutukuza jeshi la anga lililoipiga Poland. Kutoka humo ulitoka wimbo wa mabomu juu ya Uingereza, na redio zikautwanga kwa miezi kadhaa. Ndiyo maana akabandikwa jina la Bomben-Schultze, Schultze wa mabomu. Mwaka huo huo aliandika muziki wa Bismarck, ya Wolfgang Liebeneiner, na mwaka 1941 wa Kampfgeschwader Lützow, filamu nyingine ya ndege za kivita. Ujerumani ilipoivamia Urusi Juni 1941, Goebbels aliwashindanisha watunzi kupata wimbo rasmi wa kampeni hiyo, na wa Schultze ukashinda ule wa Herms Niel, mfalme wa nyimbo za gwaride. Aliwatungia na askari wa vifaru wa Rommel wimbo wao. Hizi kazi sina mengi ya kusema juu yake. Ni gwaride zilizoshonwa vizuri, zina mori uliotakiwa, na ukizisikiliza mfululizo ni vigumu kutofautisha moja na nyingine.

Filamu inayonisumbua mimi ni nyingine, na haina hata bomu moja.

Ich klage an, yaani Nashtaki, ilitoka tarehe 29 Agosti 1941. Muongozaji ni Liebeneiner tena, muziki ni wa Schultze tena. Hanna ni mke wa profesa wa tiba, mrembo, mchangamfu. Jioni moja nyumbani kwao kuna sherehe, wanapiga muziki wa chumbani pamoja na marafiki, yeye yuko kwenye piano. Katikati ya kipande mkono wake unakataa. Vidole haviendi. Hiyo ndiyo dalili ya kwanza ya ugonjwa wa neva utakaomlemaza. Anamwomba rafiki yao daktari amuue kabla hajafika mwisho mbaya, daktari anakataa. Anamwomba mumewe, mume anampa sumu. Sehemu iliyobaki ni kesi mahakamani, ambapo mume anaishtaki sheria inayokataza alichofanya. Filamu inaisha kabla ya hukumu, ili mtazamaji atoke ukumbini akiwa yeye ndiye hakimu.

Filamu hii ilisukumwa na watu wale wale waliokuwa wakiendesha mpango uliokuja kuitwa T4, wa kuwaua kwa siri wagonjwa wa akili na walemavu katika hospitali za Ujerumani. Kufikia Agosti 1941 mpango huo ulikuwa umeshawaua kwa gesi watu zaidi ya 70,000. Hitler aliusitisha rasmi tarehe 24 Agosti, baada ya manung'uniko na hotuba ya wazi ya askofu von Galen wa Münster. Mauaji yaliendelea kwa njia nyingine, kwa sindano na kwa njaa. Siku 5 baada ya tangazo hilo filamu ikaingia sinema. Iliangaliwa na watu zaidi ya milioni 15.

Udanganyifu wake uko mahali pamoja tu. Hanna ameomba kufa. Wale 70,000 hawakuomba. Filamu inamhitaji mtazamaji amlilie Hanna mpaka asahau kuuliza juu ya wengine, na kazi ya kuliza katika filamu ni ya nani kama si ya mtunzi? Piano ndiyo inayomtambulisha Hanna kwetu, na piano ndiyo inayotuonyesha anachopoteza. Muziki ni wa upole, una staha, haupigi kelele. Mtunzi asiye na kipaji angetia tarumbeta na watu wangenusa propaganda toka dakika ya kwanza. Schultze aliifanya inukie ubinadamu.

Ndiyo maana sikubaliani na wanaomtathmini kwa kuhesabu gwaride zake. Gwaride la vita linajitangaza lenyewe. Anayelisikia anajua anaitwa wapi. Muziki wa Ich klage an unakuingia bila kubisha hodi.

Mwaka 1943 ilitoka Symphonie eines Lebens, filamu ya maisha ya mtunzi, ambayo Schultze aliiandikia muziki wa okestra kwa upana zaidi kuliko alivyowahi kupata nafasi. Mhusika mkuu alikuwa Mfaransa Harry Baur, mmoja wa waigizaji wakubwa wa Ulaya wakati ule. Baur alikamatwa na Gestapo mwaka 1942, akateswa, akafa Paris Aprili 1943. Yaani mwigizaji alikuwa mikononi mwa polisi wa serikali ile ile iliyokuwa inaitengeneza filamu yake.

Halafu Kolberg. Goebbels aliiagiza Juni 1943, miezi michache baada ya jeshi la Kijerumani kushindwa Stalingrad, na akaipa fedha nyingi kuliko karibu filamu zote za Kijerumani za wakati huo, pamoja na maelfu ya askari wa kucheza kama umati. Inaanza Breslau mwaka 1813: barabara zimejaa watu wanaotembea wakiimba kwamba taifa linainuka na dhoruba inavuma. Maneno hayo asili yake ni mshairi Theodor Körner wa mwaka huo wa 1813. Lakini kila Mjerumani aliyekuwa na redio aliyajua kwa sababu nyingine. Goebbels ndiyo aliyofungia hotuba yake kwenye ukumbi wa Sportpalast mjini Berlin, Februari 1943, alipowauliza watu kama wanataka vita kamili. Kwa hiyo Schultze alipoyapa melodi na kwaya kubwa, alikuwa anatia muziki kwenye kilele cha hotuba ya waziri wake. Haiwezekani kwamba hakujua.

Utetezi wake

Baada ya vita Schultze alikuwa na jibu ambalo alilirudia: alikuwa na umri hasa wa kuwa askari, karibu miaka 30, na mbele yake palikuwa na njia 2, kutunga au kufa. Akachagua kutunga.

Jibu hilo lina ukweli ndani yake na silidharau. Waliozaliwa 1911 walikufa kwa mamia ya maelfu. Agosti 1944, hata wasanii walipoanza kupelekwa viwandani na vitani, jina lake lilikuwa kwenye orodha ya walioitwa wenye kipaji cha Mungu, ambao hawakuguswa. Kalamu yake kweli ilimwokoa.

Shida ni kwamba utetezi huo unaeleza kwa nini aliendelea kutunga. Hauelezi alitunga nini. Wapo watunzi wa filamu waliopita miaka hiyo wakiandika vichekesho na filamu za mapenzi, kwa sababu sinema ya Kinazi ilitoa zaidi burudani kuliko mahubiri, na wengi wao waliitwa wa lazima kwa tasnia bila kutunga wimbo wa kampeni ya Urusi. Michael Jary na Franz Grothe walipata nyimbo kubwa mno katika filamu za wakati wa vita bila kuwa watunzi wa mabomu, ingawa nao hawakuwa malaika. Grothe alikuwa na kadi ya chama tangu 1933. Schultze aliombwa mara nyingi kuliko wengine kwa sababu alifanya vizuri kuliko wengine, na hakuna dalili katika kazi zenyewe kwamba aliwahi kulegeza mkono. Mtu anayetunga kwa kuogopa kufa angeweza kutunga vibaya kidogo. Yeye alitunga ili ashinde shindano.

Kuna jambo lingine ambalo utetezi unalificha. Neno kufa linamhusu yeye. Kwenye upande wa pili wa mizani hajaweka watu wa London waliokuwa chini ya mabomu yaliyoimbwa, wala wagonjwa wa hospitali za T4.

Baada ya 1945

Tume ya kuwachuja Wanazi ilimweka kwenye kundi la wafuata mkumbo, akalipa gharama za mashtaka mark 3,000, akarudi kazini. Hakuwa wa pekee. Harlan, muongozaji wa Kolberg, alishtakiwa Hamburg kwa sababu ya filamu yake ya chuki dhidi ya Wayahudi, Jud Süss, akaachiwa 1949 na tena 1950. Wolfgang Zeller, aliyetunga muziki wa Jud Süss, mwaka 1947 alikuwa ameshatunga wa Ehe im Schatten, filamu ya kuomboleza ndoa iliyovunjwa na sheria za ubaguzi zile zile. Ukitaka kuona jinsi muziki wa filamu ulivyochukuliwa kuwa kazi isiyo na mdomo, angalia hapo.

Mwaka 1950 Schultze alitoa tamthilia ya nyimbo Käpt'n Bay-Bay, na mwaka 1953 ikawa filamu ikiongozwa na Helmut Käutner, yule mwenzake wa München, na nyota akiwa Hans Albers. Wimbo wake wa baharia unaoomba nahodha amchukue safarini bado unapigwa bandarini Hamburg. Mwaka 1955 aliandika muziki wa Die Mädels vom Immenhof, filamu ya wasichana, farasi wadogo na mashamba ya Holstein, ambayo iliwafanya watoto wa kizazi kizima watake farasi. Muongozaji, Wolfgang Schleif, ndiye aliyekuwa amehariri Kolberg. Timu ilikuwa ile ile, wamebadilisha mavazi.

Kazi yake bora ya filamu baada ya vita, kwa masikio yangu, ni Das Mädchen Rosemarie ya Rolf Thiele, 1958. Inatokana na kisa cha kweli cha Rosemarie Nitribitt, mwanamke aliyeuza mwili wake kwa matajiri wa Frankfurt na akakutwa ameuawa mwaka 1957. Waimbaji wa mitaani wanapita katikati ya hadithi wakiwakejeli wenye viwanda, magari yao na muujiza wao wa uchumi, kwa nyimbo fupi zenye makali. Wizara ya Mambo ya Nje ya Ujerumani ya Magharibi ilipinga isipelekwe tamasha la Venice. Ni Frank Norbert yule wa ujana aliyerudi, mtunzi wa kejeli wa wanafunzi, na unasikia alivyofurahi kuruhusiwa kuuma. Sasa kuuma hakukuwa na hatari yoyote.

Alikuwa na vyeo katika vyama vya watunzi na katika GEMA, shirika linalokusanya mirabaha ya wanamuziki wa Ujerumani, na kumbukumbu zake zilichapishwa 1995. Alikufa Bad Tölz, Oktoba 2002, akiwa na miaka 91. Kolberg na Ich klage an hadi leo haziuzwi wala kuonyeshwa kiholela Ujerumani. Ukitaka kuzionyesha hadharani lazima pawepo mtu wa kuzieleza kabla na mjadala baada.

Uzeeni aliagiza kwamba mirabaha ya kazi zote alizotunga kati ya 1933 na 1945 iende kwa Msalaba Mwekundu wa Ujerumani. Sheria ya huko inalinda kazi ya mtunzi kwa miaka 70 baada ya kifo chake, kwa hiyo hakimiliki yake itaisha mwisho wa 2072. Agizo hilo halitenganishi kazi na kazi. Lili Marleen ni ya 1938, nayo imo kwenye furushi moja na nyimbo za mabomu na muziki wa Hanna. Yeye mwenyewe ndiye aliyechora mstari huo kwa miaka, na alipouchora hakuutoa wimbo wake mzuri kuliko yote ubaki upande wa pili.